Barua kwa Mwanahawa: usikiache kipindi

Tanga, Jumapili jioni

Shoga yangu Mwanahawa,

Salaam nyingi. Hujambo, mzee hajambo, yule mdogo kikohozi kimeisha? Huku sote wazima, mama anakusalimu sana. Ya nyumbani yatasubiri kidogo, maana lililonikalisha kitako ni moja. Kassim kaniambia umejitoa kwenye kipindi. Eti mwalimu mmoja hapo chuoni kakwambia ukitaka kuwa mwanahistoria uachane na mambo ya kuchekesha watu redioni, nawe umeshaandika barua ya kuaga. Nimepata uchungu, nakwambia kweli.

Nisikilize kwanza, halafu uamue. Unamkumbuka Terry Jones? Ile filamu tuliyoionea kwa Shangazi Rukia, mfalme anakwenda kwa miguu na mtumishi nyuma yake anagonganisha vifuu vya nazi ili isikike kama farasi? Pesa ya farasi haikuwepo, wakatumia vifuu. Ni ya mwaka 1975, ya kundi la wachekeshaji wa Uingereza liitwalo Monty Python, na Jones ndiye aliyeiongoza pamoja na Terry Gilliam. Wewe ulicheka vifuu mpaka machozi. Mimi nilibaki na yule mama wa kwenye matope. Mfalme Arthur anapita, anajitambulisha kuwa ni mfalme wao, mama anashangaa: mfalme wa nani? Anamwambia mimi sikukupigia kura. Mfalme anajibu wafalme hawapigiwi kura. Haya, sasa wewe ulipataje ufalme? Mama yule ni Jones mwenyewe, kavaa nguo za kike.

Mwaka 2004 BBC walionyesha mfululizo wa Jones wa vipindi vinane kuhusu watu wa Zama za Kati, na kimoja kizima ni cha mkulima. Kwangu mimi huyo ni mama yule yule wa matopeni. Ameulizwa tena maisha yake, safari hii kwa ushahidi.

Wala usidhani historia ilimjia uzeeni baada ya kuchoka kuchekesha. Alizaliwa Colwyn Bay, Wales, mwaka 1942, akasoma fasihi ya Kiingereza Oxford, na huko ndiko alikokutana na Michael Palin, mwenzake wa baadaye katika Monty Python. Wakaanza kwa kuandika vichekesho vya kipindi cha mtangazaji wa televisheni David Frost. Mapema mwaka 1969 wawili hao wakatoa kipindi chao cha historia ya Uingereza, kinachosimulia mambo ya kale kana kwamba televisheni ilikuwepo tangu enzi hizo. Monty Python ilianza Oktoba ya mwaka huo huo. Unaona mpangilio? Historia ilitangulia umaarufu.

Lakini ninalotaka hasa ulione ni la Chaucer, yule mshairi wa kale wa Kiingereza. Mwaka 1980, mwaka mmoja tu baada ya kuongoza filamu ya Monty Python iitwayo Life of Brian iliyozua ugomvi mkubwa na watu wa dini, Jones akatoa kitabu kizima kuhusu mtu mmoja ndani ya shairi la Chaucer la karne ya 14: yule askari farasi wa kwenye safari ya mahujaji wa Canterbury. Wasomi wengi walizoea kumchukulia kama mfano wa uungwana, kwa kuwa shairi lenyewe linamsifu hivyo. Jones akaacha sifa, akasoma orodha ya vita alizopigana askari huyo. Kwa nini zile vita kubwa za Waingereza kule Ufaransa, Crécy na Poitiers, hazimo? Aleksandria imo, mji ulioporwa na watu wake kuuawa mwaka 1365. Na imo vita ya kule Uturuki ambako askari huyo alimpigania bwana mmoja asiye Mkristo dhidi ya mwenziwe. Tazama na nguo: farasi wake wazuri, lakini koti lake limejaa madoa ya deraya. Wengine waliyasoma madoa hayo kuwa ni unyenyekevu. Jones alimwona mamluki, mtu wa kupigania anayelipa.

Wapo mabingwa wa Chaucer waliompinga. Wakamjibu hoja kwa hoja, kama anavyojibiwa msomi. Na mwaka 2003 alitoa kitabu kingine, kuhusu kifo cha Chaucer, akiwa na wasomi wanne wa fasihi ya zama hizo. Basi huyo mwalimu wako atuambie, ni nani aliyekataa kukaa naye meza moja kwa sababu aliwahi kuvaa gauni kwenye matope?

Mimi naamini sikio ni moja. Mwandishi wa vichekesho anasikia pale sifa zinapopishana na matendo, na kazi ya mwanahistoria ni hiyo hiyo. Ndiyo maana utafiti wako wa wapagazi unaniwasha. Kumbuka kile kichekesho chako cha mpagazi anayeteremka na pembe begani kutoka Tabora hadi Bagamoyo, anamuuliza bwana wa msafara: tukifika, jina langu utaliandika wapi? Watu walicheka, kisha mzee Athumani akapiga simu studio kueleza habari za babu yake. Maktaba gani ingekupa simu ile?

Jones alifariki Januari 2020. Maradhi ya ubongo yalikuwa yamemnyang'anya maneno taratibu, na familia yake ilikuwa imeshatangaza hayo mwaka 2016. Kila nikilifikiria hilo naumia, mtu aliyeishi kwa maneno... Basi, tuliache.

Mambo mengine: harusi ya Tatu imesogezwa, ugomvi wa ukumbi haujaisha, na mimi ndiye ninayepigiwa simu na pande zote mbili. Ukija nitakupa yote.

Sasa niambie. Huyo mwalimu alikukataza kwa maandishi, au ni maneno ya koridoni tu? Msimamizi wako mwenyewe anasemaje? Umemwonyesha ule mswada wa mpagazi? Na wale wazee wa Bagamoyo utawarekodi lini, niombe ruhusa kazini nije kukusaidia? Kassim anasema barua yako bado iko kwake, hajaipeleka kwa meneja, ila Alhamisi lazima aipeleke. Nimpigie nimwambie aichane?

Akupendaye,
Zainabu