Ijumaa mchana, kwenye mstari wa mchujo

Swahiba wangu,

Salamu nyingi. Barua yako ilinifikia, na swali lako nimetembea nalo wiki nzima: kwa nini mtu anayepiga mpira wa gofu vizuri namna ile anazunguka msimu mzima kwenye ziara ya daraja la pili, ambako kamera ni chache na watazamaji wenyewe wa kuhesabika? Nitakujibu nikiwa kedi wake, mbeba mfuko wa vijiti vyake, maana mimi ndiye niliye karibu naye kuliko wote na naona yanayomfika.

Ziara hii ilianza 1990 ikiitwa Ben Hogan Tour, ikapita kwa wadhamini kadhaa, na tangu 2019 ni Korn Ferry Tour. Shindano lenye idadi kamili huwa na wachezaji 156. Wanacheza mashimo 18 Alhamisi na 18 Ijumaa, mwenye mikwaju michache akiwa mbele, kisha unafanyika mchujo: wanabaki 65 wa kwanza pamoja na waliolingana na wa 65. Waliobaki nje hawapati hata senti. Zawadi za shindano la kawaida ni dola milioni 1 na bingwa huchukua 180,000, fedha nyingi ukizisikia kwa mbali. Lakini ndege, chumba, gari na ujira wangu vyote hutoka mfukoni mwa mchezaji, apite asipite. Kedi naye hulipwa ujira wa wiki, na juu yake, kwa desturi, asilimia 5 ya zawadi mchezaji akipita mchujo, 7 akiingia kumi bora, 10 akishinda. Kwa hiyo Ijumaa yake ni Ijumaa yangu.

Na hiyo Ijumaa ndiyo ninayotaka uielewe. Nusu ya wachezaji hucheza Alhamisi asubuhi na Ijumaa mchana, nusu nyingine kinyume chake. Ukimaliza Ijumaa kabla ya adhuhuri ukiwa kwenye mstari wenyewe, huna la kufanya ila kungoja. Mstari unatembea. Upepo ukianza kuvuma mchana, walioko uwanjani wanaongeza mikwaju na wewe unapanda ukiwa umekaa kitini. Upepo ukilala, wanakupita mmoja mmoja.

Wiki iliyopita tulikuwa hapo hapo. Watu 64 walikuwa wametuzidi, sisi na wengine kadhaa tukishika nafasi ya 65 kwa pamoja. Amebaki mchezaji mmoja kwenye grini, ile nyasi fupi inayozunguka shimo, ya shimo la 18, na mpira wake uko futi sita tu kutoka shimoni. Akiuingiza, anakuwa wa 65 kutuzidi, na kundi letu lote linafungasha virago. Mchezaji wangu alikuwa kwenye grini ya mazoezi, hakutaka kujua. Mimi nilisimama nyuma ya kamba nikatazama. Mpira ukapita ukingoni mwa shimo, ukagoma. Akawa sawa nasi, na kwa kuwa amekuwa sawa nasi, naye akapita. Kundi zima likapita! Nilimkumbatia kedi wake kama ndugu wa tumbo moja. Jumamosi tulianza alfajiri, sisi na yeye, bila mtazamaji hata mmoja, na sijawahi kuona watu wakicheza kwa furaha kama ile.

Sasa jibu la swali lako. Mwaka 2005 kadi za kupanda PGA Tour, ile ziara kuu, zilikuwa za 20 wa kwanza wa msimu. Jason Gore, ambaye mwezi Juni siku ya mwisho ya U.S. Open, mojawapo ya mashindano makubwa ya gofu, aliharibu kwa kupiga mikwaju 84 baada ya kuanza siku hiyo katika jozi ya mwisho, alirudi kwenye ziara hii akashinda mashindano matatu mfululizo. Aliyeshinda matatu kwa msimu alipandishwa papo hapo, na mwaka ule nafasi yake haikuhesabiwa kati ya zile 20. Kwa hiyo mlango ukafunguka kwa aliyemaliza wa 21. Huyo alikuwa Bubba Watson, ambaye hakuwahi kushinda hata shindano moja huku chini. Akaja kushinda Masters, shindano jingine kubwa, 2012, kisha tena 2014.

Mchezaji wangu anakijua kisa hicho kwa moyo, na mimi pia. Kadi zilikuwa 30 mwaka 2023 na 2024. Tangu 2025 zimerudi kuwa 20. Sikubaliani na uamuzi huo hata kidogo. Hao kumi waliokatwa ndio watu ninaowaona wakibaki grini ya mazoezi mpaka giza liingie, na wengi wao hawazidiwi kitu na wale wa juu. Sisi tuko nje ya 20, lakini ushindi mmoja ni pointi 500 kwenye orodha ya msimu, na wiki moja ya namna hiyo inatuingiza ndani. Ndiyo maana hatoki.

Jumatatu nitautembea uwanja mpya peke yangu na kitabu cha vipimo, nipime kila banka, yale mashimo ya mchanga, na kila mteremko wa grini kabla hajafika. Ijumaa ukipata nafasi, fungua ubao wa matokeo. Usiangalie juu; shuka mpaka nafasi ya 60 hivi, uanzie hapo kututafuta.

Wako daima,
Kedi