Barua ya wazi kwa Jaji Mkuu: mashauri yetu yanafia njiani

Mheshimiwa Jaji Mkuu,

Nakusalimu kwa heshima kutoka Liwale, mkoani Lindi.

Novemba mwaka juzi, sisi wakulima wachache wa kijiji kimoja tulikwenda mahakamani kupinga agizo la kutulazimisha kupeleka korosho kwenye ghala la mbali, ilhali la jirani lina nafasi. Pesa ya wakili tulichanga, kila mmoja kwa kilo zake. Shauri likaahirishwa, likaahirishwa tena. Masika ikaingia, barabara ya Nachingwea ikawa tope, mwenzetu akalala njiani ili afike apewe tarehe nyingine. Lilipoitwa Juni, korosho zilishauzwa, na siku chache kabla yake agizo lilikuwa limefutwa kwa barua ya mistari mitatu. Shauri likaondolewa: limepitwa na wakati.

Kanuni yenyewe siipingi. Kufuta agizo lililokwisha kufutwa ni kupoteza muda wa jaji. Lakini Oktoba agizo lilirudi, maneno yaleyale, tarehe mpya.

Minada ya korosho huanza Oktoba, na miezi michache baadaye ghala ni tupu. Shauri la kawaida haliishi ndani ya muda huo. Basi anayetoa agizo la msimu hana haja ya kushinda kesi, anasubiri tu.

Marekani, ambako katiba inawafunga majaji wasikilize mgogoro ulio hai tu, Mahakama ya Juu ililiona hili mwaka 1911 katika shauri la Southern Pacific Terminal. Amri iliyolalamikiwa ilikuwa imekwisha muda wake. Majaji wakaisikiliza hivyohivyo, kwa kuwa amri fupi za aina hiyo zingeweza kurudiwa na kuikwepa mahakama kila mara.

Na sisi Katiba yetu, ibara ya 107A, inakataza kuchelewesha haki bila sababu ya msingi. Naomba kanuni: shauri la agizo la msimu lisikilizwe msimu uleule. Na anayefuta agizo lake shauri likiwa mahakamani, aape kwanza kwamba hatalirudisha, na atulipe gharama, ndipo jaji aliondoe.

Mikorosho yetu sasa inatoa maua. Tumeanza kuchanga tena, ili safari hii tufungue shauri kabla ya mnada wa kwanza.

Wako,
Mkulima wa korosho, Liwale