Kuhusu yule Kalasinga uliyeniuliza

Mpendwa Rehema,

Salamu nyingi kutoka Nairobi. Sisi hatujambo, ila mvua imetukalia. Hongera kwa kuchaguliwa katibu wa tawi la chama chenu cha wafanyakazi. Kazi hiyo lawama ni nyingi kuliko asante, lakini wewe una kifua. Ulipiga simu ukauliza Makhan Singh, yule mwanzilishi wa vyama vya wafanyakazi, ni nani hasa, salio likakatika kabla sijafika popote. Basi nakujibu kwa karatasi.

Alizaliwa Punjab mwaka 1913, akaletwa hapa 1927 akiwa bado wa shule. Baba yake, Sudh Singh, alikuwa seremala wa reli, baadaye akafungua kiwanda cha uchapaji, na kijana akafanya kazi humo. Kwa hiyo alizoea wino na karatasi mapema, na ndivyo alivyobaki: mtu wa kumbukumbu za mikutano, barua kwa waajiri, vikaratasi vya matangazo. Makaratasi yake mpaka leo yamehifadhiwa Chuo Kikuu cha Nairobi.

Mwaka 1935 akawa katibu wa chama kilichoitwa Indian Trade Union. Siku hizo mshahara ulifuata rangi: Mzungu juu, Mhindi katikati, Mwafrika chini kabisa. Mafundi Wahindi wangeweza kulinda kijisehemu chao wakanyamaza. Badala yake chama kikageuzwa kuwa Labour Trade Union of Kenya, kikamfungulia mlango kila mfanyakazi. Mwaka 1937 wakagoma siku 62 hapa mjini, na waajiri wakatoa nyongeza ya asilimia 15 hadi 22. Siku 62, Rehema! Wewe unajua watu wanavyoanza kuguna wiki ya pili, kodi ya nyumba ikifika.

Alienda India mwishoni mwa 1939, Waingereza wakamkamata huko huko, akarudi Kenya 1947. Tarehe 1 Mei 1949 yeye na Fred Kubai, kiongozi mwenzake wa wafanyakazi, wakaunda East African Trades Union Congress, yaani muungano wa vyama vya wafanyakazi, Kubai rais, yeye katibu mkuu. Serikali ikakataa kuisajili. Aprili 1950, kwenye mkutano wa hadhara mtaani Kaloleni, hapa Nairobi, akatoa hoja kwamba nchi za Afrika Mashariki zipewe uhuru kamili, tena sasa. Wanasiasa wengi wakati huo walikuwa bado wanaomba viti zaidi kwenye baraza la kutunga sheria.

Haikupita mwezi, tarehe 15 Mei, yeye na Kubai wakakamatwa. Kesho yake wafanyakazi wakaweka vifaa chini. Walitaka viongozi waachiliwe, na kima cha chini cha mshahara kiwe shilingi 100 kwa mwezi. Wakajibiwa kwa mabomu ya machozi. Mbele ya hakimu, Makhan Singh hakujikunyata: alisema yeye ni mkomunisti na kwamba Waingereza hawana haki ya kuitawala Kenya. Wakamtupa kizuizini kaskazini, Lokitaung, Maralal, Dol Dol, akatoka Oktoba 1961. Miaka kumi na moja na zaidi.

Kilichofuata ndicho kinachoniudhi. Alijiunga na KANU, chama kilichokuja kutawala, lakini uhuru ulipokuja hakupewa cheo chochote. Akakaa akaandika historia ya vyama vya wafanyakazi, ikachapishwa 1969, akafariki 1973 akiwa na miaka 59.

Najua utasema ukomunisti ndio uliomponza. Mimi naona hiyo ni nusu tu. Alipotoka, vyama vya wafanyakazi vilikuwa mikononi mwa Tom Mboya na marafiki zake wa Magharibi, na 1965 serikali ikaviweka vyote chini ya shirikisho moja, COTU. Tena hakuwa na kabila la kumpigia kura wala jimbo la kumtetea. Mtu wa namna hiyo nani angemhitaji? Kama hukubaliani nami, niandikie unipinge, na uniambie mwajiri wenu amejibu nini kuhusu malipo ya saa za ziada.

Wako,
Halima