Barua ya wazi kwa Seneta Sherry Rehman

Mheshimiwa Seneta,

Assalamu alaykum. Nilianza kukufuatilia Machi 2009. Ulikuwa Waziri wa Habari wa Pakistan, serikali yako ikaibana televisheni ya Geo, nawe ukajiuzulu. Huku kwetu waziri akiachia gari la serikali kwa sababu ya kituo cha televisheni, watu watalizungumza barazani mwezi mzima. Kabla ya siasa ulikuwa mhariri wa jarida la Herald huko Karachi, na nahisi siku ile mhariri alimshinda waziri.

Novemba 2010 ukapeleka bungeni muswada wa kuondoa adhabu ya kifo katika sheria ya kukufuru. Januari 4, 2011, Gavana wa Punjab, Salmaan Taseer, aliyeipinga sheria hiyo, akapigwa risasi na kuuawa na mlinzi wake mwenyewe. Machi 2 akauawa Waziri Shahbaz Bhatti, naye mpinzani wa sheria hiyo. Uliambiwa uondoke nchini, ukabaki umejifungia nyumbani Karachi. Waziri Mkuu Gilani akatamka kwamba sheria haitaguswa, na muswada ukaishia hapo. Sikulaumu. Anayetaka kukulaumu na alale usiku mmoja tu kwenye nyumba ile.

Ninachokuandikia ni karatasi nyingine, ambayo naogopa isije ikafa vilevile.

Mwaka 2022, ukiwa Waziri wa Tabianchi, mafuriko yaliwakumba watu milioni 33 na kuua zaidi ya 1,700. Katika jimbo la Sindh, maofisa walilazimika kutoboa kingo za ziwa Manchar ili maji yasiumeze mji wa Sehwan, yakaenda kuvimeza vijiji. Novemba ukatua Sharm el-Sheikh, Misri, kwenye mkutano wa tabianchi wa Umoja wa Mataifa, Pakistan ikiwa mwenyekiti wa G77, kundi la nchi zinazoendelea ambalo Tanzania na Kenya nazo zimo. Ukasema mnachodai kwa mataifa tajiri, ambayo moshi wake umeharibu tabianchi, ni haki, hamwombi sadaka. Mfuko wa Hasara na Uharibifu, wa kuzisaidia nchi maskini zinazoumizwa na mabadiliko ya tabianchi, ukakubaliwa, baada ya mataifa maskini kuudai kwa takriban miaka 30.

Mwaka mmoja baadaye, kwenye mkutano uliofuata huko Dubai, ahadi zilizotiwa humo zilifika kama dola milioni 700. Benki ya Dunia ilikuwa imekadiria uharibifu wa Pakistan peke yake, kwa mafuriko yale tu, kuwa karibu dola bilioni 15. Na zile dola bilioni 9 mlizoahidiwa Geneva Januari 2023, kwenye mkutano wa kuisaidia Pakistan, sehemu kubwa ilikuwa mikopo. Mtu amechomewa nyumba, jirani aliyewasha moto anakuja kumkopesha mabati!

Uwaziri uliuacha Agosti 2023, lakini sauti unayo, na Seneti wanakusikiliza. Nakuomba uwabane waliokubali mfuko ule Sharm el-Sheikh, kila kikao, uwaulize kiasi gani kimetolewa bure na kiasi gani kinadaiwa. Waulize hivyo hivyo kwa niaba ya Rufiji, huku kwetu Tanzania.

Nina shangazi yangu huko. Aprili 2024 mto ulipofurika, maji yalimfikia usawa wa swichi ya taa. Alama ya tope ipo ukutani hadi leo, hataki ipakwe rangi. Mpunga wote ulioza shambani. Chumba kimoja amekijenga upya kwa fedha ya kikoba, na marejesho ni kila Jumamosi.

Wako,
Msomaji wa Dar es Salaam