Baba, huyu ndiye mtu ninayemsoma

Berlin

Baba mpendwa,

Shikamoo. Natumaini wewe na Mama hamjambo, na goti la Mama limepata nafuu. Mimi ni mzima, namshukuru Mungu.

Uliniuliza kwenye simu huyu Harun Farocki ninayeandika tasnifu juu yake ni nani hasa, nami nikakujibu juu juu kwa sababu chaji ilikuwa inakwisha. Leo nakueleza kwa kituo.

Alizaliwa mwaka 1944, baba yake daktari aliyehamia Ujerumani kutoka India. Alifariki mwaka 2014. Alitengeneza filamu za hali halisi, ila si zile za kumfuata mtu na kamera huku akisimulia maisha yake. Mara nyingi alichukua picha zilizopigwa na wengine, akazipanga upya na kuuliza: hii ilipigwa kwa kazi gani, na aliyeitazama alikuwa akitafuta nini?

Kwenye filamu yake ya 1988 kuna picha isiyonitoka akilini. Tarehe 4 Aprili 1944, ndege ya upelelezi ya Washirika, yaani nchi zilizopigana na Ujerumani ya Hitler, ilipita juu ya Auschwitz, kambi ya mauaji ya Wanazi, ikipiga picha. Wachambuzi walikuwa wakikitafuta kiwanda cha kampuni ya kemikali ya IG Farben kilichokuwa jirani; wakakiona, wakakitia alama. Kambi nayo ilikuwa humo humo pichani, mabanda yake safu kwa safu. Hakuna aliyeitia alama, maana hakuna aliyetumwa kuitafuta. Ilipita miaka zaidi ya 30 ndipo watumishi wa CIA, shirika la ujasusi la Marekani, walipozifukua picha hizo na kuandika juu yake: mnara wa ulinzi, nyumba ya kamanda, chumba cha gesi. Baba, kamera ilikuwa imeona kila kitu! Binadamu ndiye aliyekosekana.

Baadaye alizigeukia picha zinazotengenezwa ili mashine ifanye kazi yake, si ili mtu atazame, kama zile za kamera iliyofungwa kwenye pua ya kombora katika vita vya Ghuba vya 1991. Kombora linakaribia, jengo linakua, picha inakatika. Mtu humwoni hata mmoja.

Kisha akaenda kwa wanajeshi wa Marekani. Kabla ya vita hufundishwa kwa michezo ya kompyuta. Wakirudi wamejeruhika nafsi, hutibiwa kwa programu inayofanana nayo. Farocki aligundua kwamba kwenye ile ya mafunzo vitu vina vivuli, ila ile ya tiba, iliyotengenezwa kwa gharama ndogo, haina. Mimi naona ugunduzi huo unazidi hotuba nyingi za kupinga vita.

Ulisema unahofia somo hili halina kazi mbele. Siku hizi kamera ziko kila kona, na nyingi zinatazamwa na kompyuta tu. Wa kuuliza maswali ya Farocki wanahitajika sana, na mimi nataka kuwa mmoja wao.

Nakutumia filamu ya 1988 kwenye flashi, kwa mkono wa rafiki anayekuja mwezi ujao. Itazame pamoja na Mama, halafu mnipigie.

Mwanao,
Rehema