Risala ya Wasaidizi wa Kisheria kwa Mgeni Rasmi, Maadhimisho ya Wiki ya Sheria

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, Mkuu wa Wilaya yetu, Mheshimiwa Hakimu Mfawidhi, Mkuu wa Polisi wa Wilaya, Mkuu wa Gereza, viongozi wa dini, ndugu wananchi,

Tunakushukuru kwa kuitikia mwaliko wetu. Sisi ni wasaidizi wa kisheria tunaofanya kazi chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017. Wananchi hutuuliza sana: "Kesi yangu iko kwa nani?" Tunaomba kulijibu swali hilo mbele yako, maana jibu lake linagusa hasa wizara mbili.

Kesi ya jinai kwa kawaida huanzia Wizara ya Mambo ya Ndani ya Nchi. Mlalamikaji hufika kituoni akaandikiwa RB, yaani namba ya taarifa yake kwenye kitabu cha polisi, aliyejeruhiwa hupewa PF3, fomu ya polisi ya matibabu, aende nayo hospitali, na mpelelezi hufungua jalada. Maelezo ya mashahidi na vielelezo vikishakusanywa, jalada huenda kwa wakili wa Serikali wa Ofisi ya Taifa ya Mashtaka, iliyo chini ya Wizara ya Katiba na Sheria. Huyo ndiye anayepima ushahidi na kuamua kushtaki au kutoshtaki. Mahakama ni mhimili unaojitegemea. Mshtakiwa akikosa dhamana hurudi mikononi mwa Mambo ya Ndani, safari hii kwa Jeshi la Magereza.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, kesi nyingi huharibika pale kitu kinapotoka mkono mmoja kwenda mwingine. Chukua bhangi iliyokamatwa nyumbani kwa mtu. Hati ya ukamataji mali inatakiwa isainiwe na askari, mwenye nyumba na shahidi huru, papo hapo. Kisha kielelezo kifungwe, kipewe alama na kuandikwa kwenye rejista ya kituo. Sampuli ikienda kwa Mkemia Mkuu wa Serikali, ambaye naye yuko chini ya Wizara ya Afya, ijulikane nani ameitoa, nani ameipokea na lini. Pengo moja likikosa maelezo, wakili wa utetezi atauliza kama kilicholetwa mahakamani ndicho kilichokamatwa, na ana haki ya kuuliza.

Maelezo ya onyo, yaani yale mtuhumiwa anayoyatoa polisi baada ya kuonywa kwamba yanaweza kutumika dhidi yake, nayo ni hivyo hivyo. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai inatoa saa 4 za kumhoji mtuhumiwa tangu aanze kushikiliwa, na muda ukihitajika zaidi uongezwe kabla hizo hazijaisha. Yakiandikwa siku ya pili bila nyongeza hiyo, mahakama inaweza kuyakataa, hata kama yanasema kweli.

Tunapongeza marekebisho ya mwaka 2022 yaliyozuia kufungua mashtaka kabla upelelezi haujakamilika, isipokuwa kwa makosa makubwa. Lakini huko kwenye makosa makubwa ndiko mahabusu wanakosota, wakisikia "upelelezi haujakamilika" kila kesi inapotajwa. Tume ya Haki Jinai, iliyoundwa kupendekeza maboresho ya taasisi za haki jinai chini ya Jaji Mkuu Mstaafu Mohamed Chande Othman, ilikabidhi taarifa yake Julai 2023. Tunaamini watu wa gerezani wanastahili kuona utekelezaji wa mapendekezo yake, si kuusikia tu.

Tuna maombi matatu. Kwanza, wakili wa Serikali anaporudisha jalada kwa mpelelezi, aandike kinachopungua na tarehe ya kulirejesha, na mlalamikaji ajulishwe kwa namba yake ya RB. Pili, bango la "Dhamana ni haki, haina malipo" libandikwe kaunta ya kila kituo, mahali ndugu wanaposimama. Tatu, tupangiwe siku moja kila wiki ya kuonana na mahabusu, kituoni na gerezani. Wengi wao hawajui kwamba masharti ya dhamana yakiwashinda wanaweza kuomba yalegezwe.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, tunaomba kuwasilisha.