Taarifa ya Mwenyekiti ya Mwaka: Vitabu, Ada, na Ile Simu

Ndugu wanachama wa chama chetu cha kusoma vitabu na kesi za mauaji, salamu kwenu nyote, mlio kwenye grupu na pia wale waliotoka Septemba ambao najua mtatumiwa hii na wenzenu.

Shughuli za mwaka nitazipitia mbio manake mnazijua, au mngezijua kama mngekuja. Tulikutana mara 11, Jumamosi ya mwisho ya mwezi saa nane, kwenye ukumbi ule ule wa South B. Januari ilikua Lord Erroll, yule mkubwa wa kizungu wa enzi za ukoloni aliyepigwa risasi ndani ya gari lake upande wa Karen alfajiri ya tarehe 24 Januari 1941, mzungu mwenzake Sir Jock Delves Broughton akashtakiwa na Julai akaachiliwa, na mpaka leo hakuna mtu aliyefungwa kwa kifo kile. Tulipanda matatu tukaenda Karen watu 14 na ilikua siku nzuri sana. Februari tulisoma Mzimu wa Watu wa Kale, yule mpelelezi Bwana Msa na kiko chake, wazee wetu walifurahi kuliko siku zote. Machi Simu ya Kifo ya Faraji Katalambulla, kitabu cha 1965, nakala tulikua nazo tatu tu na hizo tatu nilizitafuta mimi mwenyewe kwa wauza vitabu wa chini pale mjini, wikendi mbili nzima nikiinama. Aprili nitaifikia. Juni kesi ya Wallace, nayo nitaifikia, Julai wale wanawake watano waliouawa Whitechapel, London, 1888, Agosti Julie Ward, yule binti Mwingereza aliyeuawa Maasai Mara Septemba 1988. Oktoba na Novemba tulisoma hadithi fupi kwa sababu watu hawakua na hamu ya kitu kizito, na sababu yake ndio hio naikujia.

Pesa. Wanachama walioandikishwa ni 46, ada ni 200 kwa mwezi yaani 2,400 kwa mwaka, kwa hivyo tulitarajia 110,400. Waliolipa yote ni 19 tu, hio ni 45,600, wengine 14 walilipa nusunusu jumla 15,800, na 13 hawakulipa hata shilingi moja. Ukiweka baki ya mwaka jana 8,250 na mchango maalum 5,000 tunapata 74,650. Tulitumia ukumbi 16,500, vitabu 24,300, chai na mandazi 13,200, rambirambi 10,000 kwa wenzetu wawili waliofiwa, kuchapisha na kredo 2,900, jumla 66,900. Zimebaki 7,750. Madeni ya ada ni 49,000, na ningependa mtu anieleze inakuaje mtu anashindwa na 200 kwa mwezi lakini kila kikao anauliza mbona mandazi ni moja moja. Nauli za kwenda kubeba vitabu sijawahi kudai, miaka minne sasa, na sidai, nasema tu ijulikane.

Mahudhurio nayo yananiuma. Siku ya Wallace nilipanga viti 40 na tulikua watu tisa. Tisa jameni! Kwa kesi kama ile ambayo nilikua nimeiandaa mwezi mzima. Kwa faida ya wale 37: Liverpool, jioni ya tarehe 19 Januari 1931, mtu anapiga simu kwenye klabu ya chesi anamtafuta William Herbert Wallace, wakala wa bima, ambaye hajafika bado. Anajiita Qualtrough, anaacha ujumbe kwamba kesho yake jioni Wallace aende namba 25 Menlove Gardens East kwa mambo ya biashara. Wallace anaenda, anazunguka, anauliza watu, anauliza mpaka polisi, kuna North, kuna South, kuna West, lakini hio East haipo duniani. Anarudi nyumbani anamkuta mkewe Julia ameuawa sebuleni. Simu ilikuja kugundulika ilipigwa kutoka kibanda cha simu karibu kabisa na kwake, kwa hivyo polisi wakasema Qualtrough ni Wallace mwenyewe, akahukumiwa kunyongwa Aprili, na Mei mahakama ya rufaa ikafuta hukumu. Kuachiliwa hakukumsaidia. Majirani na wateja walimkwepa mpaka akahama mtaa, na 1933 akafa. Nani alipiga ile simu hajulikani hadi leo.

Nimeirefusha hio makusudi, mtaona.

Sasa Aprili. Tulisoma kile kitabu cha Muriel Spark cha 1959, Memento Mori, wazee wa London wanapigiwa simu na mtu wasiyemjua anawaambia maneno machache tu, kumbuka lazima utakufa, halafu anakata. Kikao kilikua kizuri, watu 27, kuna waliocheka na kuna waliosema hawatalala. Wiki iliyofuata, Jumatatu hadi Alhamisi, wanachama saba wakapigiwa simu usiku, namba imefichwa, sauti imebanwa, maneno ni yale yale kwa Kiswahili. Sita walijua ni mchezo wa mmoja wetu, wakatuma vicheko kwenye grupu, nami nakiri siku ya kwanza sikuona ubaya.

Wa saba alikua mama wetu mmoja. Nimeomba ruhusa yake kabla ya kuandika sehemu hii, nimemsomea, ametoa mistari miwili na iliyobaki amekubali. Mume wake aliuawa miaka sita iliyopita akirudi nyumbani kutoka kazini. Hakuna aliyeshikwa, hakuna kesi, faili ipo mahali. Na usiku ule kabla hajaletewa habari alipigiwa simu na namba asiyoijua, mtu akanyamaza upande wa pili halafu akakata. Hajawahi kujua alikua nani. Sisi hatukujua haya, hakuwahi kutuambia, alikua anakuja tu anakaa karibu na dirisha na anasoma vizuri kuliko wengi wetu. Sasa fikiria mtu huyo anapokea simu saa nne usiku, namba imefichwa, anaambiwa kumbuka lazima utakufa. Alizima simu siku tisa. Binti yake ndiye alinitafuta, na alivyoniongelesha siku hio sitasahau, na alikua na haki.

Kikao cha Mei nilikifunga baada ya nusu saa, bila kitabu, nikasema aliyefanya hivi anitafute. Sikumtisha mtu. Jumapili iliyofuata alinipigia, safari hii kwa namba yake halisi, tukakutana kwenye hoteli moja Ngara, akaniambia yote, akalia pale mbele ya watu na chai ikapoa. Alikua amepiga kwa orodha ya simu ya wanachama, akifuata majina tu, hakujua lolote kuhusu mama. Nilimwambia kunililia mimi hakusaidii, twende kwa mama. Tukaenda siku ya tatu yake, mimi na yeye na yule binti. Mama alipika chai, akamsikiliza mpaka mwisho, akakaa kimya muda mrefu sana, halafu akasema amesamehe lakini anaomba kitu kimoja, jina la huyu mtu lisitajwe kwa wanachama. Nikamuuliza kwa nini, akasema, "Mkimsimamisha yeye pale mbele na mimi mtakua mmenisimamisha. Watauliza ni nini kilinitisha hivyo." Nikamuahidi.

Yule mtu alitaka kulipa faini mwenyewe, akatuma 5,000 kwa namba ya chama, na hio ndio "mchango maalum" mliyoiona kwenye hesabu za Septemba. Mweka hazina hakua anajua imetoka wapi, alisoma tu kilichoandikwa, kwa hivyo mwacheni, lawama ya hapo ni yangu. Nilitakiwa kuieleza kamati mapema kwamba kuna pesa na kuna sababu, hata bila jina. Sikufanya hivyo. Niliogopa kwamba kamati ya watu saba ni kama grupu lenyewe, na bado naogopa, lakini nilitakiwa.

Baada ya hapo mnajua. Barua yenye sahihi 11 ikinitaka nitoe jina kwa siku 14. Watu wanne wakatoka grupu. Na maneno niliyoambiwa Septemba mbele ya wageni, kwamba mwaka mzima nimewahubiria habari ya mauaji yasiyo na majibu, ya wakubwa wanaoficha ukweli, ya mzee John Ward, baba yake Julie, aliyekataa kuambiwa mtoto wake ameliwa na wanyama akatafuta ukweli mwenyewe mpaka akaandika kitabu, halafu mimi mwenyewe nimekalia jina. Mtu mmoja alisema mimi ndio faili lililofungiwa. Hilo lilinichoma na sikulala vizuri wiki ile, kwa sababu si neno la kijinga.

Jibu langu ni hili, na nimelifikiria miezi mitatu. Yule mzee Ward alikua anatafuta haki ya mtoto wake. Yeye ndiye aliyeumizwa, na alitaka ijulikane. Hapa aliyeumizwa amejua ni nani, amemuona uso kwa uso, amepata maelezo yote aliyotaka na maswali yake yote yamejibiwa sebuleni kwake. Hakuna ukweli aliofichwa yeye. Mnaotaka jina ni sisi wengine, na tukiwa wakweli wengi wetu tunalitaka kwa sababu tumezoea kusoma ukurasa wa mwisho. Wale sita wengine waliopigiwa, kila mmoja nilimuuliza kivyake kama anataka kuombwa msamaha ana kwa ana, wawili walisema ndio na walikwenda wakaombwa, na hao wawili wanajua jina na hawajalitoa, nawashukuru sana. Mtu akisema hakuna anayejua isipokua mwenyekiti anakosea.

Na ndio maana nilitaka mje siku ya Wallace. Mahakama ilimuachilia lakini mtaa haukumuachilia. Tukitaja jina la huyu mwenzetu leo, kesho atakua "yule wa simu" mpaka tutakapozikana, kwa ujinga wa siku nne ambao ameulipia. Kwenye kile kitabu cha Aprili pia, yule bibi Lettie alihangaika na mpiga simu, akashuku kila mtu wa karibu mpaka akabadilisha wosia mara kwa mara, na aliyekuja kumuua alikua mwizi tu aliyeingia nyumbani. Mpiga simu hakushikwa kabisa. Nilitegemea tuzungumzie hilo.

Nimeambiwa nina upendeleo, kwamba angekua mwanachama fulani ningemtaja siku hio hio. Si kweli. Huyu mtu si rafiki yangu, si wa kanisa langu, si wa kwetu. Tena kusema kweli hatukua tukielewana. Ningeulizwa tena ningefanya vile vile, isipokua hilo la kamati.

Kitu kingine, orodha ya simu za wanachama sasa ipo kwa katibu peke yake. Ukitaka namba ya mtu unamuomba katibu naye anamuuliza mwenyewe kwanza. Kuna waliosema ni usumbufu. Ni usumbufu, na utaendelea. Pia kuanzia mwaka ujao kabla ya kuchagua kitabu cha mauaji ya hapa kwetu, ya wanasiasa kama Pinto 1965 au JM Kariuki 1975 au Ouko 1990 au ya watu wasiojulikana, tutatangaza mwezi mmoja mbele ili mwenye jambo lake aseme, au asije siku hio bila kuulizwa kwa nini. Chumba cha watu 46 Nairobi hii, msidhani ni mama peke yake.

Mipango ya mwaka ujao, Mungu akipenda, ni kupata rafu yetu ya vitabu mahali pa kudumu, labda kumualika mwandishi mmoja, na ikiwezekana kwenda Koru kwa Ouko kama pesa zitaruhusu, ambayo inategemea zile 49,000. Kuna vitabu saba havijarudi, viwili ni vya Simu ya Kifo na mnajua nilivyovipata. Uchaguzi ni Januari. Wenye barua leteni mtu wenu, nitamkabidhi kila kitu kwa moyo safi, hesabu na funguo na daftari, isipokua jina.

Mama alinipigia juzi. Amesema atakuja Januari kama patakua na nafasi karibu na dirisha. Tafadhali mkimuona msalimieni tu, msimuulize kitu.

Wenu,
Mwenyekiti
South B, Nairobi